"Wamenila salio": kwa wasaidizi wapya wa kisheria Mwanza

Mchuuzi wa dagaa atakuja kutoka soko la samaki la Mwaloni Kirumba, simu mkononi, na neno moja: nataka kushtaki. Kabla hujashika kalamu, muulize kilichokatwa ni nini. Salio la vocha, kifurushi na ankara ya simu ya ofisi ni mambo ya Mamlaka ya Mawasiliano (TCRA), ambayo ina ofisi ya Kanda ya Ziwa hapa mjini. Pesa iliyotoka kwenye akaunti ya pesa ya simu, kama M-Pesa, ni habari nyingine: hiyo iko chini ya Sheria ya Mifumo ya Malipo ya Taifa ya 2015, na msimamizi wake ni Benki Kuu, nayo ina tawi Mwanza. Ukikosea mlango hapa, mteja atazungushwa wiki kadhaa bure.

Kisha ushahidi, siku hiyo hiyo. Simu ya mvuvi ikitumbukia ziwani inazama na meseji zote. Andika kwenye karatasi namba ya laini, tarehe, saa, salio la kabla na la baada. Piga picha ya skrini. Mwambie mteja aombe kampuni, kwa maandishi, mchanganuo wa matumizi wa siku zinazolalamikiwa. Ukiusoma kwa utulivu, mara nyingi utakuta mojawapo ya haya: huduma ya ziada ya meseji au mlio wa simu inayokata kila siku, intaneti iliyoendelea baada ya kifurushi kuisha, au simu iliyoshika mtandao wa nchi jirani karibu na mpaka. La pili ndilo lenye nguvu kwa mteja. Kanuni ndogo za vifurushi za 2021 zinataka apewe taarifa matumizi yakifika asilimia 75 na 100, na asitozwe bei ya nje ya kifurushi bila kuridhia. Kwa hiyo swali la kuiuliza kampuni ni moja: onyesha aliridhia lini.

Lalamiko la kwanza liende kwa kampuni yenyewe, na usitoke bila kumbukumbu namba. Kijana wa kibandani anayesajili laini ni wakala tu. Kumlalamikia yeye hakuhesabiki. Jibu likikosekana au lisiporidhisha, peleka TCRA nakala ya lalamiko, namba hiyo na mchanganuo. Asiyeridhika na uamuzi wa TCRA hukata rufaa Baraza la Ushindani (FCT). Ukiruka ngazi hizi na kwenda mahakamani moja kwa moja, tegemea pingamizi la awali, yaani hoja kwamba shauri halistahili kusikilizwa, na shauri linaweza kuondolewa kabla hata mteja hajasikilizwa kuhusu salio.

Soma pia mkataba wa huduma, hasa wa laini za kampuni na hoteli. Ukiwa na kifungu cha usuluhishi, upande wa pili unaweza kuiomba mahakama isimamishe shauri, kwa Sheria ya Usuluhishi ya 2020. Neno hili linachanganya: mahakamani "usuluhishi" pia ni ule wa kupatanisha wadaawa, yaani pande za shauri, ambao haumfungi mtu mpaka wakubaliane. Usuluhishi wa mkataba unatoa tuzo, yaani uamuzi wa msuluhishi, inayofunga, na mahakama huitekeleza kama hukumu. Msuluhishi hulipwa na pande zenyewe, kwa hiyo kwa deni la shilingi 40,000 ni kichekesho. Kwa ankara ya hoteli ya milioni kadhaa, unafaa.

Ikibidi mahakama, deni la mkataba lisilozidi shilingi milioni 30 linaingia Mahakama ya Mwanzo. Kosa linalorudiwa sana ni kuchomeka "fidia ya usumbufu milioni 5" ndani ya dai la deni. Mahakama ya Mwanzo haina mamlaka na hilo, na dai zima linayumba. Ukomo wa muda wa kufungua madai ya mkataba ni miaka 6, ila usiutegemee, maana kumbukumbu hupotea mapema zaidi. Mdaiwa aandikwe kwa jina la kampuni lililosajiliwa, lile lililo kwenye mkataba, si jina la kwenye bango. Na wewe, kwa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, hutozi ada wala husimami mahakamani kwa niaba yake: mwandalie karatasi, mfundishe kuzieleza mwenyewe, kwa mpangilio wa tarehe.