Kazi ya balozi si dhifa na safari tu

Mwanangu, umeuliza kama kazi ya balozi ina lolote zaidi ya dhifa na safari. Itazame njia aliyopita Dkt. Salim Ahmed Salim, mzaliwa wa Pemba, aliyepelekwa Misri kuwa balozi mwaka 1964 akiwa na umri wa miaka 22, kisha India na China. Kwa maoni yangu, kilichomkomaza hasa ni ile miaka kumi ya Umoja wa Mataifa, 1970 hadi 1980, alipoongoza kamati iliyopigania uhuru wa makoloni na kuitetea China mpaka ikapewa kiti chake mwaka 1971. Utetezi huo ulikuwa na gharama: alipogombea ukatibu mkuu mwaka 1981, Marekani ilimzuia kwa kura ya turufu, duru baada ya duru. Hata hivyo, kuanzia 1989 hadi 2001 aliuongoza Umoja wa Nchi Huru za Afrika, Addis Ababa.

Wewe ukitaka kuifuata njia hiyo, fahamu kuwa mambo ya nje ni ya Muungano, si ya Serikali ya Zanzibar, hivyo maombi yako yatapitia Serikali ya Muungano. Na Kiarabu ulichokianza chuoni usikiache, bali kiongezee Kifaransa.