Masafa yalitoka kwa mtazamaji wa bure

Mhariri,

Wiki hii mmetuuliza wasomaji: ikiwa runinga, redio na simu sasa vimekuwa kitu kimoja, je, Kenya bado ina haja ya kanuni za pekee za utangazaji? Naamini haja ipo, ila si ya kanuni zote. Ile inayomlinda mtazamaji wa stesheni za bure haifai kufa. Inafaa ihame pamoja naye, kutoka kwenye antena hadi kwenye simu, ili taarifa ya habari ya stesheni hizo isimkatie bando, kwa sababu nafasi hewani inayotumiwa na intaneti ya simu leo ilitoka kwake.

Mimi ni fundi wa runinga, Kisauni, Mombasa, na kazi hii niliianza enzi za runinga za chogo. Wakati huo stesheni moja ilimeza mkondo mzima wa masafa wenye upana wa megahezi 8. Mitambo ya dijitali ilipokuja, mkondo uleule ukaweza kubeba stesheni zaidi ya kumi, na nafasi kubwa ikabaki wazi. Mkataba uliofikiwa Geneva mwaka 2006 uliiweka tarehe 17 Juni 2015 kuwa mwisho wa kulindwa kwa matangazo ya analogia katika nchi nyingi, yetu ikiwemo, na mikutano ya dunia ya masafa ya 2007 na 2012 ikaifungulia simu bendi, yaani kipande cha masafa, ya megahezi 800, kisha ya 700, katika Afrika. Bendi hizo ndizo zilizokuwa za runinga. Mawimbi yake huenda mbali na hupenya kuta, na ndiyo maana kampuni za simu zilizitamani sana.

Gharama ya kuiacha nafasi hiyo wazi aliibeba mtazamaji, ambaye alilazimika kununua king'amuzi (wateja wangu wengi husema dikoda), akabadilisha waya wa antena na wakati mwingine antena yenyewe, ili aendelee kuona kile alichokuwa akikiona bila malipo.

Bibi mmoja mtaani kwetu, mjane, aliniita jioni moja nikapande juu ya mabati kwa sababu picha ilikuwa imepotea. Antena haikuwa na kasoro, na waya pia ulikuwa mzima. Niliposhuka nikaiwasha runinga tena, nikaona maandishi yakimtaka alipie kifurushi. Alikuwa amenunua king'amuzi cha kampuni ya kulipia kwa sababu ndicho kilichokuwa rahisi dukani, na kifurushi kilipokwisha, stesheni za bure nazo zilifungwa pamoja na za kulipiwa. Akaniuliza, "Mwanangu, taarifa ya saa moja nayo nimeanza kuinunua lini?" Sikuwa na jibu la kumpa. Nilimfungia king'amuzi kingine kisichotumia kadi, na malipo ya kazi nikamwachia.

Swali lake lilikuwa limeshafika mahakamani kwa njia nyingine. Katika kesi kati ya mdhibiti wa mawasiliano nchini na kampuni tatu kubwa za habari, yaani Royal Media Services, Nation Media Group na Standard Group, Mahakama ya Juu iliamua tarehe 29 Septemba 2014, pamoja na mengine, kwamba kanuni inayowalazimu wenye ving'amuzi vya kulipia kubeba stesheni za bure haivunji hakimiliki, kwa kuwa inatumikia manufaa ya umma. Wengi tunaukumbuka zaidi mvutano uliofuata Februari 2015, pale mitambo ya analogia ilipozimwa na stesheni za kampuni hizo zikapotea hewani kwa karibu wiki tatu. Kwangu mimi jambo zito ni lile la kwanza: mahakama ilikubali kwamba mbebaji wa mawimbi ana wajibu kwa mtu asiyemlipa.

Wajibu huo umeishia kwenye king'amuzi. Mpwa wangu hana runinga chumbani kwake. Taarifa ya saa moja jioni huitazama kwenye simu, na nimemwona mara nyingi akiikatiza kabla ya habari za michezo kwa sababu bando la siku limekwisha. Stesheni ni ileile ya bure, na huenda mawimbi yanayomfikia yanapita katika bendi ileile iliyoondolewa runinga, lakini kila dakika anailipia. Yeye na yule bibi wamekutwa na jambo moja. Tofauti ni kwamba bibi nilimpata king'amuzi kisicho na kadi, na simu ya mpwa wangu sina la kuifanyia.

Watakaosema kwamba simu ni biashara binafsi na haifai kubebeshwa mzigo wa utangazaji, nawaomba waisome Katiba ya 2010, ibara ya 34(3), inayovipa vyombo vya utangazaji na vyombo vingine vya kielektroniki uhuru wa kuanzishwa, kwa masharti ya leseni zile tu zilizo za lazima katika kusimamia mawimbi ya hewani na njia nyingine za kusambaza mawimbi. Waandishi wa Katiba hawakuishia hewani. Walitaja njia nyingine pia, na katika ibara hiyohiyo wakataka taratibu za leseni ziwe huru dhidi ya serikali, wanasiasa na maslahi ya kibiashara. Sheria ya kawaida nayo ilishafika huko, kwani marekebisho yaliyotiwa saini Januari 2009 yaliuweka utangazaji na simu chini ya mdhibiti mmoja. Kilichokosekana ni mdhibiti huyo kuutumia upande mmoja wa mamlaka yake kwa faida ya upande wa pili.

Naitambua hatari iliyomo katika pendekezo langu, na sitaki kuipita haraka. Anayeshika mlingoti wa kurushia matangazo anaweza kuuzima. Tarehe 30 Januari 2018, siku Raila Odinga alipojiapisha Uhuru Park, NTV, KTN News na Citizen zilizimwa, na ingawa Mahakama Kuu iliamuru zirudishwe, Citizen ilikaa zaidi ya wiki moja bila kuonekana. Tarehe 25 Juni 2025 mdhibiti aliagiza vyombo viache kurusha maandamano moja kwa moja, stesheni zikakatwa hewani, na Mahakama Kuu ikalisimamisha agizo hilo siku hiyohiyo. Mwaka ule wa 2018 mwenye bando aliendelea kutazama mtandaoni, na mwenye antena akabaki na kioo cheusi. Nilipigiwa simu nyingi na wateja wakidhani king'amuzi kimeharibika. Kwa hiyo kanuni ninayoitaka ifungamane na sharti kwamba hakuna stesheni itakayokatwa, hewani au kwenye simu, bila amri ya mahakama iliyotolewa baada ya stesheni yenyewe kusikilizwa.

Jirani zetu wametuonyesha namna ya kuhamisha upande usiofaa wa sheria. Kanuni za maudhui ya mtandaoni za Tanzania za 2018 ziliwataka wenye blogu na runinga za mtandaoni kulipa ada ya leseni ya shilingi milioni moja za huko, kana kwamba kijana mwenye kamera chumbani anatumia masafa adimu ya taifa. Hayatumii. Leseni ya utangazaji ilikuwa na maana kwa sababu nafasi hewani ilikuwa finyu, na pasipo na ufinyu huo mzigo wa leseni hauna msingi.

India nayo ilipiga marufuku, Februari 2016, bei za data zinazopendelea tovuti fulani, na sababu zake zilikuwa nzuri: kampuni ya simu ikiruhusiwa kuchagua kipi kiwe bure, itachagua cha kwake. Ndiyo maana sitaki chaguo hilo liwe mikononi mwa kampuni. Stesheni zote zenye leseni ya bure, kubwa na ndogo, za Nairobi na za kaunti, taarifa zao za habari zipitishwe bila kukata bando, na kampuni ya simu yenye programu yake ya video isiruhusiwe kuipa programu hiyo nafuu ambayo stesheni hizo hazipati. Gharama ihesabiwe ndani ya ada ya masafa ambayo kampuni hizo hulipa serikali, si kuongezwa juu ya bei ya bando la mpwa wangu.

Na ving'amuzi vya kulipia vilivyobaki majumbani, ambavyo bado ni vingi mno mitaani kwetu, vikaguliwe kimoja kimoja sokoni. Kifurushi kikiisha, stesheni za bure zibaki. Jambo hilo fundi yeyote anaweza kulipima kwa dakika tano, akiwa na antena na kadi iliyokwisha muda.