Kuchelewa kuanza si mwisho wa safari

Ndugu uliyeuliza kama kijana asiyekulia kwenye futiboli ya Australia anaweza kufika AFL, ligi kuu ya mchezo huo: anaweza, mtazame mchezaji Aliir Aliir. Alizaliwa 1994 kambini Kakuma, Kenya, wazazi wake wakiwa wakimbizi kutoka Sudan Kusini ya leo. Familia ikahamia Australia naye bado mtoto. Huko ndiko alikoujua mpira ule wa umbo la yai.

Usidhani ni kama soka ya Ulaya, eti klabu inakuja na hela inakununua. Vijana wengi hupitia ligi za majimbo, kisha husubiri drafti ya mwisho wa mwaka, ambapo klabu huchagua kwa zamu na zilizofanya vibaya huanza kuchagua. Wewe huchagui, ukiitwa na timu ya mji wa mbali, unafunga virago. Aliir alikuwa klabu ya East Fremantle, kule Australia Magharibi, Sydney Swans, klabu ya AFL, walipomchukua 2013 akiwa chaguo la 44. Mechi ya kwanza ya AFL? 2016! Miaka yote hiyo alikuwa akisota timu ya akiba. Baadaye akahamia klabu nyingine ya AFL, Port Adelaide, na 2021 akaingia kikosi bora cha msimu.