Maji nayo yakikukwama, omeprazo haitokusaidia

Nianze na lenyewe maana najua wengine hamsomi mpaka mwisho. Kama wali mkavu unakukwama kifuani lakini maji na uji vinapita bila ya tabu hilo jambo moja, lakini kama wali unakwama na maji nayo yanakwama, tena vyote viwili tokea mwanzo, hilo jambo jengine kabisa na dawa za kiungulia haziligusi. Mie nimekunywa omeprazo mpaka muuza duka la dawa mtaani kwetu akiniona tu anainuka kwenda kuichukua, na koo lile lile.

Ugonjwa wenyewe unaitwa akalasia. Chini kabisa ya umio, ile njia ya chakula kutoka kooni, pale unapoingia tumboni, pana msuli wa duara ambao muda wote umejibana ili asidi isipande juu, ukimeza unatakiwa ulegee tonge lipite halafu ujibane tena. Kwenye akalasia vile vineva (mishipa midogo ya fahamu) vya ndani ya ukuta wa umio vinakufa, sababu hasa bado haijajulikana, basi msuli haulegei na umio wenyewe unaacha kusukuma chakula kwenda chini. Chakula kinakaa pale juu kinangoja. Ni ugonjwa wa nadra, kwa mwaka wanaogundulika ni kama mtu 1 katika watu 100,000, kwa hiyo usimkasirikie daktari wa kituo cha afya akikwambia vidonda vya tumbo, pengine hajaonana nao tokea aanze kazi. Cha kumsaidia ni wewe umuelezee vizuri. Mwambie kinachorudi kina ladha gani. Kikirudi kichungu au kikali kimetoka tumboni, lakini kama wali unarudi vile vile ulivyoumeza, hauna ukali wowote, basi huo haujafika tumboni kabisa. Mwambie pia kama usiku unaamka unakohoa na mto umerowa, kama kifua kinabana, kama nguo zinakupwaya.

Sasa kwetu Pemba ukisema tu koo linakusumbua wa mwanzo kuja ni yule wa kukwambia ukakate kilimi. Jamani kilimi kiko juu huku mdomoni na tatizo liko chini karibu na chembe ya moyo, hata ukikikata chote utapata kidonda na damu na wali utaendelea kukwama pale pale. Wengine wakasema hasadi. Kombe nimeletewa na nimekunywa, mie sina ugomvi na kombe, Qur-ani ni shifaa, lakini mama alieniletea aliliona kwa macho yake linarudi, na ndie yeye alieniambia haya basi nenda hospitali.

Kipimo cha kuulizia ni picha ya kumeza bariamu. Unapewa dawa nyeupe nzito ina ladha ya chaki, unasimama kwenye mashine ya eksirei, unameza na wao wanapiga picha. Mwenye akalasia umio wake unaonekana umetanuka juu halafu chini umechongoka, wenyewe madaktari wanaita mdomo wa ndege. Halafu kamera ya kupitishwa mdomoni kuangalia umio kwa ndani, na hapa msikwepe, hata kama picha imeshaonesha kila kitu. Saratani ikikaa pale pale chini inaweza kujifanya akalasia, na ukanda wetu huu wa mashariki ya Afrika, kuanzia Ethiopia mpaka Afrika Kusini, saratani ya umio ipo nyingi, hasa mtu mzima ambae kumeza kumemuanza ghafla na anakonda mbio asisubiri kabisa. (Na nyinyi wa kahawa za barazani, mwaka 2016 wakala wa saratani wa Shirika la Afya Duniani waliviweka vinywaji vya moto wa kupita nyuzi 65 kwenye kundi la vitu vinavyoelekea kusababisha saratani ya umio. Iacheni ipoe kidogo, haikimbii.) Kipimo cha kuthibitisha hasa ni manometri, wanapitisha mpira mwembamba puani mpaka tumboni kupima mbano wa msuli, lakini hicho si kila hospitali wanacho, ulizeni kabla hamjapanda boti kwenda Dar.

Tuje kwenye matibabu, yaani puto la kutanulia umio. Watu wakisikia kutanuliwa umio wanachanganya mambo mawili. Kuna umio uliobanwa na kovu, la asidi ya miaka mingi au la mtoto aliekunywa kostiki soda ya kutengenezea sabuni iliyowekwa kwenye chupa ya soda (nyinyi mnaoweka hivyo mnajua wenyewe), hilo kovu linatanuliwa kidogo kidogo, leo kidogo na wiki zijazo tena kidogo, kwa sababu ukilazimisha linachanika. Akalasia ni puto kubwa, linawekwa hasa pale kwenye msuli likiwa limelala halafu linajazwa upepo mpaka nyuzi za msuli zinakatika. Wanaanza na la milimita 30, isipotosha siku nyengine 35, halafu 40. Kabla yake utaambiwa ule vitu vya majimaji tu, pengine zaidi ya siku moja, na tafadhali fuata kama ulivyoambiwa maana umio wetu sisi wenye akalasia haubaki mtupu hata ukilala na njaa, na kilichobaki kinaweza kuingia mapafuni wakati umepigwa sindano ya usingizi.

Hatari yake kubwa ni umio kutoboka, inatokea kwa kama watu 2 katika 100. Kifua kuuma kidogo siku ile ni kawaida. Maumivu makali yanayozidi, homa, pumzi kukata, shingo kuvimba, kutapika damu, hiyo rudi hospitali saa hiyo hiyo. Ndio nasema tikiti ya boti ya jioni ile ile usikate, tafuta jamaa Dar ulale kwake.

Na puto haliponyeshi ugonjwa, hapa ndio wengi hawaelezwi. Linafungua mlango tu, vile vineva vilivyokufa havirudi, umio bado hausukumi, na baada ya miaka msuli unaweza kubana tena ukaenda kutanuliwa tena. Vijana wa kiume ndio puto haliwakai sana. Kuna upasuaji wa kuukata ule msuli, aliuanza daktari Heller huko Ujerumani mwaka 1913 na siku hizi unafanywa kwa matundu madogo, na kuna POEM walioianza Wajapani mwaka 2008, msuli unakatwa kwa ndani kupitia kamera. Wanaopelekwa India waiulizie hiyo. Cha kuchekesha, mlango ukishafunguka asidi nayo inapata njia ya kupanda, sasa ile omeprazo ndio inapata kazi.

Kwa hiyo kula lazima ubadilike. Kaa wima, tonge dogo, maji pembeni ya kila tonge, usilale mpaka yapite masaa matatu, na miguu ya kitanda upande wa kichwani itilie matofali. Boko boko na wali wa nazi wenye mchuzi mwingi havina tabu, mkate wa mofa mkavu na pweza ndio maadui zangu. Ramadhani daku nalila mapema nikakaa nasoma mpaka alfajiri. Shida yangu ilobaki ni sinia la shughuli, wenzangu wameshafika katikati na mie bado tonge la pili, kwa hiyo siku hizi naomba sahani yangu peke yangu, na atakaesema najidai na aseme.