Maswali ya Wasomaji: Kumuuguza Anayekata Roho na Kumfariji Aliyefiwa

Barua nyingi zilizotufikia safari hii zinahusu msiba. Tumechagua tano, tukaondoa kila kinachoweza kumtambulisha mwandishi wake, na majibu yake ni haya.

Mama ameacha kula, na ndugu wananilaumu

*Mama yangu ana saratani iliyokwisha kusambaa, na madaktari wametueleza kwamba hakuna tiba iliyobaki ya kuiondoa. Tunamuuguza nyumbani. Sasa hataki chakula kabisa. Hupokea kijiko kimoja au viwili vya maji, kisha hugeuza uso. Ndugu zangu wanasema ninamuua kwa njaa. Usiku pumzi zake husimama, nami hudhani amekata roho, kisha zikarudi. Nifanye nini? Je, bado ananisikia?*
— Binti anayeuguza

Pole sana, mwanangu. Waeleze ndugu zako kwamba mama yenu hafi kwa sababu ameacha kula. Ameacha kula kwa sababu anakufa. Mwili unapokaribia mwisho, tumbo hupunguza kazi na njaa hutoweka, na chakula anacholazimishwa mgonjwa kinaweza kumtapisha, kumpalia au kuingia mapafuni. Kinachomsumbua zaidi wakati huu ni ukavu wa kinywa. Chovya kitambaa laini kwenye maji safi, umpanguse midomo na ulimi taratibu, urudie mara kwa mara, kisha umpake mafuta kidogo ili midomo isipasuke. Wagawie ndugu zako zamu ya kazi hiyo, kwa maana lawama nyingi za kitandani pa mgonjwa hutoka kwa watu wanaotamani kufanya jambo na hawajui la kufanya.

Pumzi zinazopanda, zikashuka, zikasimama kwa muda na kuanza tena, madaktari wanazijua tangu zamani. Zimepewa jina la John Cheyne na William Stokes, madaktari wa Dublin walioziandika mwaka 1818 na 1854. Huenda pia ukasikia mkoromo kooni, kwa sababu mgonjwa hana tena nguvu ya kumeza mate. Mlaze ubavu, na ujue kwamba sauti hiyo kwa kawaida humtesa anayeisikia kuliko anayeitoa. Mikono na miguu itapoa, na ngozi inaweza kuwa na mabaka.

Kuhusu kusikia, mwaka 2020 watafiti wa Kanada walipima mawimbi ya ubongo wa wagonjwa waliokuwa katika saa zao za mwisho na wasioitika tena, wakakuta kwamba ubongo wa baadhi yao bado uliitikia sauti. Hilo halithibitishi kwamba waliyaelewa maneno, lakini linatosha kunifanya nikushauri uzungumze naye. Mwambie uliyo nayo moyoni, na uwaombe wanaobishana juu ya mazishi watoke chumbani.

Maumivu ni jambo ambalo hampaswi kulivumilia kwa niaba yake. Cicely Saunders, aliyefungua hospitali ya St Christopher's huko London mwaka 1967 kwa ajili ya watu wanaokaribia kufa, alifundisha kwamba dawa ya maumivu hutolewa kwa saa zake, bila kungoja maumivu yarudi, na kwamba mgonjwa huumia mwilini, akilini, katika uhusiano wake na watu na katika imani yake kwa pamoja. Mtafute mhudumu wa tiba shufaa, yaani huduma ya kumpunguzia mateso mgonjwa asiyeweza kuponywa, na umuulize waziwazi kuhusu mofini, dawa kali ya maumivu. Inapotolewa kwa kipimo sahihi na kufuatiliwa, lengo lake ni kumtuliza mgonjwa, wala si kumharakishia kifo.

Jambo moja zaidi, maana hutokea mara nyingi: mtu hukesha siku nzima, akatoka kidogo kwenda kunawa uso, na mgonjwa akafariki katika dakika hizo. Likikupata hilo, usijihukumu. Hukumtelekeza.

Je, ninaomboleza vibaya?

*Mume wangu alifariki miezi saba iliyopita. Nimeambiwa kuna hatua tano za huzuni, na shemeji yangu huniuliza nimefika ya ngapi. Mimi sioni hatua. Asubuhi naweza kucheka na wenzangu kazini, jioni nikalia hadi usingizi unichukue. Baya zaidi, saa aliyozoea kurudi husikia kitasa kikizungushwa, nami hugeuka kutazama. Nimeanza kuogopa kwamba akili yangu inaharibika.*
— Mjane

Dada yangu, akili yako haiharibiki. Mwaka 1971 daktari mmoja wa Wales, Dewi Rees, alichapisha matokeo ya mahojiano yake na wajane na wagane 293. Karibu nusu yao walikuwa wamemhisi marehemu karibu nao, na baadhi walikuwa wamemwona au kusikia sauti yake. Wengi hawakuwahi kumweleza mtu yeyote, bila shaka kwa hofu kama yako. Ubongo ulioishi miaka mingi ukikisubiri kitasa kile jioni hauachi kukisubiri kwa sababu tu umeshuhudia maziko.

Ama hizo hatua tano, mwambie shemeji yako zilikotoka. Elisabeth Kübler-Ross, daktari wa magonjwa ya akili aliyezaliwa Uswisi, alizungumza na wagonjwa mahututi huko Chicago, na mwaka 1969 akaeleza mambo aliyoyaona kwao: kukana, hasira, kutafuta mapatano, sonona na kukubali. Walikuwa watu wanaokikabili kifo chao wenyewe. Baadaye hatua hizo zilihamishiwa kwa wafiwa na kugeuzwa ratiba, na ratiba hiyo imewaumiza wengi, kwa kuwa mtu mwenye msiba sasa ana mzigo wa pili wa kuthibitisha kwamba anaendelea vizuri. Nalisema hili kwa uchungu, kwa sababu barua kama yako tunazipokea mara kwa mara.

Hali unayoieleza inafanana zaidi na maelezo ya Margaret Stroebe na Henk Schut wa Uholanzi, waliyoyachapisha mwaka 1999. Wao wanaona kwamba mfiwa huenda na kurudi kati ya kazi mbili: kuukabili msiba wenyewe, yaani kulia, kukumbuka na kutamani, na kuyakabili maisha yaliyobadilika, yaani kulipa kodi ya nyumba peke yake, kujifunza alichokuwa akikifanya mwenzake, hata kucheka kazini. Kuyaacha majonzi kwa saa kadhaa ni pumziko la lazima, na kuyarudia jioni hakumaanishi kwamba umerudi nyuma.

Hata hivyo, ipo huzuni inayohitaji tiba. Mwongozo wa magonjwa wa Shirika la Afya Duniani ulioanza kutumika mwaka 2022 unaitambua huzuni ya muda mrefu, ambayo hudumu kwa zaidi ya miezi sita, huzidi kwa dhahiri yale yanayotarajiwa katika jamii na dini ya mfiwa, na humzuia kuishi: hawezi kazi, hawezi kulea, hajali chochote isipokuwa kumtamani marehemu. Madaktari wa Marekani huweka miezi kumi na miwili kwa mtu mzima. Kupita miezi saba peke yake si ugonjwa. Lakini ukiona kwamba siku zote zinafanana na hakuna hata saa moja ya nafuu, mwone mshauri nasaha au daktari. Na fikira za kujidhuru zikikujia usingoje hata siku moja, mwambie mtu aliye karibu nawe na uende hospitali.

Namkwepa rafiki yangu aliyefiwa na mtoto

*Mtoto wa rafiki yangu wa karibu alifariki. Nilihudhuria mazishi, nikasema pole, na tangu hapo sijampigia simu kwa kuwa sina la kusema. Nikimwona kwa mbali hubadilisha njia. Najichukia kwa hilo.*
— Rafiki mwoga

Mpigie leo, kabla hujamaliza kusoma ukurasa huu. Mwambie: "Nilikaa kimya kwa sababu sikujua niseme nini. Nakufikiria, na nataka kuja." Usiongeze utetezi mwingine.

Ukifika, mtaje mtoto kwa jina lake. Watu huliepuka jina la marehemu wakidhani watamkumbusha mzazi, ilhali mzazi hajasahau hata kwa dakika moja. Anachokiogopa ni kwamba wengine wote wamesahau. Muulize kama angependa kukusimulia habari zake. Akilia, mwache alie, wala usimwambie ajikaze. Usimwambie kwamba atapata mwingine, wala kwamba afadhali hakuteseka sana. Na hata "Kazi ya Mungu haina makosa", maneno ambayo muumini anaweza kuyasema mwenyewe akapata nguvu, yakitoka kinywani mwa mgeni mara nyingi humziba mdomo mzazi aliyetaka kusema kwamba ana hasira, pengine na Mungu mwenyewe.

Usimwachie kazi ya kukupangia msaada kwa kumwambia akuite akihitaji lolote, hataita. Sema unachokwenda kufanya na lini: utawachukua watoto waliobaki Jumamosi, utafuatana naye kwenda kufuatilia cheti cha kifo, utakaa naye tu bila mazungumzo. Ukisaidia kazi za nyumbani, uliza kabla ya kugusa vitu vya mtoto. Fulana chafu iliyoachwa juu ya kiti inaweza kuwa ndiyo pekee yenye harufu yake, na mtu mwema akiifua, harufu hiyo haitarudi tena. Usimsahau baba, wengi humuuliza habari za mkewe na kuondoka. Kisha iandike mahali siku ya kuzaliwa ya mtoto na siku aliyofariki. Wageni hupungua baada ya wiki chache, na simu yako ya mwaka wa pili itakuwa na thamani kuliko maua ya siku ya mazishi.

Mtoto anauliza babu ataamka lini

*Tulimwambia mwanangu wa miaka mitano kwamba babu yake amelala. Sasa anaogopa kulala.*
— Mama wa mtoto mmoja

Mrekebishieni leo, kwa upole na kwa maneno ya kweli: babu amekufa, mwili wake umeacha kufanya kazi, hapumui, hasikii baridi wala maumivu, na hatarudi, sisi tukilala tunaamka. Watoto wengi wa umri huu hawajaelewa kwamba kifo hakirudi nyuma, kwa hiyo atakuuliza tena na tena, nawe umjibu vilevile kila mara. Mhakikishie pia kwamba hakusababisha kifo kwa utundu wala kwa mawazo yake, kwa sababu watoto huamini hivyo bila kusema. Atalia kidogo, kisha atakimbia kucheza. Ndivyo watoto wanavyoomboleza.

Sikulia baba alipokufa

*Baba yangu alikuwa mkali kwetu. Alipofariki nilihisi nafuu, sikulia. Je, mimi ni mtu mbaya?*
— Mwana wa kwanza

Hapana. Unaweza kuhisi nafuu na majonzi kwa pamoja, na wengine wanachoomboleza ni baba waliyemhitaji na hawakumpata. Machozi hayapimi mapenzi wala wema wa mtu. Huenda yakaja baadaye, huenda yasije. Tafuta mtu mmoja unayemwamini, asiye wa familia yenu, umsimulie habari za baba yako kama zilivyokuwa, bila kumsafisha kwa kuwa ni marehemu.