Maswali ya Wasomaji: “Alielimishwa, Akaelewa”

Shikamoo Mwalimu. Mimi ni karani wa chama cha msingi cha kahawa huku Moshi Vijijini. Msimu ukifika napima kahawa na kuandika stakabadhi, na kwenye mikutano naandika muhtasari. Mdogo wangu yuko chuo, mwaka wa pili. Likizo hii alisoma daftari langu la mihtasari, akaniambia nimewanyang’anya wakulima sauti. Aliniudhi, maana mimi naandika kilichosemwa. Anadai wanafundishwa kitu kinaitwa uchanganuzi wa usemi, kwamba lugha, maarifa na mamlaka vinakwenda pamoja. Nakunakilia kipande alichokipigia mstari. Niambie kama kina kosa au ni usomi tu.

“Mjumbe mmoja alihoji kuhusu makato kwenye malipo ya pili. Ilifafanuliwa kuwa makato yalifanyika kwa kuzingatia taratibu. Ilibainika kuwa wanachama wengi hawana uelewa wa kutosha kuhusu gharama za ukoboaji na soko. Mjumbe alielimishwa, akaelewa. Ilikubalika kwa kauli moja kuwa elimu iendelee kutolewa.”

Karani, Moshi Vijijini

Marahaba, mwanangu. Mdogo wako ameona jambo la kweli, ila “umewanyang’anya” ni neno kali kuliko unavyostahili. Lugha hiyo hukuibuni wewe, umeikuta. Nimefundisha Kiswahili Moshi na baadaye Arusha hadi nikastaafu, nimekaa kwenye kamati za shule, za maji na za kanisa, na muhtasari wa namna hii nimekutana nao kote huko. Tuusome pamoja, polepole.

Anza na mkulima. “Alihoji kuhusu makato.” Siamini kwamba mzee alisimama akatamka hivyo. Mtu aliyebeba kahawa yake hadi ghalani husimama na stakabadhi mkononi. Husema: kilo nilizopima ni hizi, bei mliyotutangazia ni hii, fedha iliyonifikia ni hii, na haviendani, nionyesheni zilizobaki zimekwenda wapi. Hayo ni maarifa. Ni hesabu iliyopigwa usiku mezani, pengine pamoja na mke na mtoto wa sekondari. Katika daftari lako hesabu hiyo haimo. Limebaki “alihoji”.

Sasa watazame waliomjibu. “Ilifafanuliwa.” Na nani? “Makato yalifanyika.” Nani alikata? Ukiandika “bodi ilikata”, mtendaji yupo na anaweza kuulizwa. Ukiandika “fedha zilikatwa”, mtendaji hatajwi, lakini tunajua yupo mahali. Ukiandika “makato yalifanyika”, hakuna mtu tena, ni kama mvua imenyesha. Wanafunzi hujifunza minyambuliko hii kwa ajili ya mtihani, kumbe ndimo mnamoamuliwa nani awajibike. Norman Fairclough, aliyefundisha Chuo Kikuu cha Lancaster huko Uingereza, ni mmoja wa wataalamu waliotufundisha kuuliza: katika sentensi hii nani amefutwa, na kufutwa kwake kunamfaa nani?

Usiondoke hapo ukidhani kauli ya kutendwa ni dhambi. Azimio la Arusha la 1967 linasema tumeonewa, tumenyonywa, tumepuuzwa. Katika maneno hayo aliyeonea hatajwi. Lakini pale kutendwa kumemleta mbele aliyeumia, na katika muhtasari wako kutendwa kwa “ilifafanuliwa” kumemficha aliyejibu. Kauli ni ileile, kazi ni mbili tofauti. Kwa hiyo usihesabu viambishi tu. Uliza vinamtumikia nani.

Kinachoniuma zaidi ni sentensi ya tatu na ya nne. Mzee aliingia mkutanoni akiwa na dai la fedha, akatoka ameandikwa kuwa mtu mwenye upungufu wa uelewa. Dai hujibiwa kwa mchanganuo wa hesabu. Upungufu wa uelewa hujibiwa kwa semina. Dai likishageuzwa hivyo, bodi haidaiwi tena mchanganuo, inadaiwa semina tu, na semina hata ikifanyika haitarudisha shilingi.

Angalia pia kwamba lugha hii haimwachii mtu nafasi ya kuelewa na bado akakataa. Akikubali, ameelewa. Akikataa, hajaelewa, basi elimu iendelee kutolewa. Tunaisikia kila siku, iwe mjadala ni wa mita za maji, wa bima ya afya au wa mipaka ya hifadhi: “wananchi hawajapata elimu ya kutosha”. Mara nyingine ni kweli kabisa. Wapo wakulima wasiojua ukoboaji unagharimu kiasi gani. Lakini asiyejua gharama huonyeshwa gharama, kwa tarakimu, na akishaonyeshwa ana haki ya kusema ni kubwa mno.

Hapo ndipo anapoingia Michel Foucault, Mfaransa aliyefariki 1984, ambaye bila shaka mdogo wako amemtaja. Alikataa kuiona mamlaka kama rungu la kuzuia peke yake. Alitazama hospitali, magereza na shule, jinsi watu wanavyochunguzwa, wanavyopimwa na kuandikwa kwenye majalada, na jinsi maandishi hayo yanavyozaa maarifa juu yao, na maarifa hayo yanavyowapa wengine haki ya kuwaamulia. Mgonjwa, mfungwa, mwanafunzi: kila mmoja ana jalada ambalo hakuliandika yeye. Kwa Foucault maarifa na mamlaka huzaana, kimoja hakisubiri kingine.

Fuata safari ya daftari lako uone. Ofisa wa ushirika atalisoma, atakuta “uelewa mdogo” mkutano baada ya mkutano, naye ataandika ripoti. Ripoti itasomwa na mwingine. Siku moja itakuwa ni jambo linalojulikana kwamba wakulima wa upande wenu wana uelewa mdogo, na mradi utakuja kuwafundisha walichokuwa wanakidai. Katika mlolongo huo wote hakuna aliyesema uongo.

Kilimanjaro inaijua hadithi hii tangu zamani. Wachagga walipoanza kupanda kahawa kwa wingi baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, walowezi wa Kizungu walipinga. Hoja yao ilivaa nguo za utaalamu: Waafrika hawajui kutunza mibuni, magonjwa yatasambaa hadi kwenye mashamba yetu. Nyuma ya hoja hiyo palikuwa na jambo jingine, kwamba mwenye kahawa yake haendi kuwa kibarua wa mtu. Wakulima walijibu kwa vitendo. Mwaka 1925 waliunda chama chao, KNPA, na miongoni mwa kazi zake ikawa kupambana na wadudu na magonjwa ya mibuni. Mwaka 1933 ikaundwa KNCU, chama kikuu cha ushirika cha wakulima hao. Babu zetu hawakuishia kulalamika kwamba wanaitwa wajinga. Waliingia katika uwanja uleule wa maarifa uliotumika kuwazuia.

Nawe unaweza kuingia. Kahawa yenu ikifika mjini hukobolewa, hupangwa kwa madaraja kufuata ukubwa na umbo la punje, AA, A, B, PB na mengineyo, na huonjwa kabla ya mnada. Hayo ni maarifa ya kweli na siyadharau hata kidogo. Ulimi wa mwonjaji umefundishwa kwa miaka. Ninachouliza ni hiki: karatasi ya daraja na ya kuonja imesomwa mbele ya wanachama wako? Kama haijasomwa, usiandike kwamba hawana uelewa. Andika kwamba hawajaonyeshwa karatasi.

Kipande chako ningekiandika hivi:

“Mwanachama alionyesha stakabadhi yake, akasema kiasi alicholipwa hakilingani na bei iliyotangazwa. Aliomba mchanganuo wa makato. Mwenyekiti alijibu kwamba bodi ilikata fedha za ukoboaji, magunia na usafiri. Mchanganuo haukuonyeshwa. Mwanachama hakuridhika. Iliamuliwa kuwa bodi ilete mchanganuo kwenye mkutano ujao.”

Hakuna tusi hapo, wala hukuchukua upande. Umeandika tu kilichosemwa, kama unavyotaka mwenyewe. “Hakuridhika” ni neno la adabu, na linaacha mlango wazi mkutano ujao, wakati “akaelewa” linaufunga. Mwenyekiti akikuambia ulirekebishe, mwulize kwa upole, “Mwenyekiti, aliridhika?” Na usiruhusu muhtasari uthibitishwe bila kusomwa kwa sauti. Kabla hamjafika kwenye yatokanayo, mzee mwenyewe apate nafasi ya kusema “hivyo sivyo nilivyosema”. Mholanzi Teun van Dijk ameandika sana juu ya jambo hili: mamlaka iko pia kwa anayepanga ajenda, anayetoa ruhusa ya kusema, na anayeshika kumbukumbu. Wa mwisho huyo ni wewe.

Jambo dogo la mwisho: hesabu ni akina mama wangapi wamo katika daftari hilo wakiwa wamesema kitu. Wao ndio wanaochuma na kuanika.

Mwalimu, heshima yako. Nasoma sheria, niko Arusha kwa mafunzo ya vitendo. Nafuatilia safu yako lakini nina wasiwasi: huo uchanganuzi wa usemi si maoni ya msomaji tu? Wewe unasoma hivi, mimi nasoma vile. Mahakamani tunataka ushahidi.

Mwanafunzi, Sanawari

Uko mahali pazuri sana pa kuuliza swali hilo. Shuka hadi AICC, kile kituo cha kimataifa cha mikutano hapo Arusha. Humo ndimo Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa ajili ya Rwanda, iliyoundwa na Umoja wa Mataifa mwaka 1994, iliposikiliza kesi zake hadi ilipofungwa mwishoni mwa 2015. Tarehe 2 Septemba 1998 ilimtia hatiani Jean-Paul Akayesu, aliyekuwa meya wa Taba huko Rwanda. Ilikuwa mara ya kwanza kwa mahakama ya kimataifa kumtia mtu hatiani kwa mauaji ya kimbari. Mojawapo ya makosa ilikuwa uchochezi wa wazi na wa moja kwa moja, na ushahidi wake ulikuwa maneno aliyoyasema mbele ya umati mwezi Aprili 1994.

Majaji hawakukisia. Walimsikiliza mtaalamu wa isimu kutoka Rwanda, Mathias Ruzindana, akieleza maneno kama Inkotanyi (wapiganaji wa RPF), Inyenzi (mende) na Ibyitso (washirika wa adui) yalivyotumika katika vipindi mbalimbali. Walitambua kwamba ushahidi uliotolewa kwa Kinyarwanda ulipitia Kifaransa na Kiingereza kabla ya kuwafikia. Walisema kama uchochezi ni wa moja kwa moja au la ni jambo linalopaswa kutazamwa kwa kuzingatia utamaduni na lugha ya wanaoambiwa. Kisha wakauliza maswali ya uchanganuzi wa usemi: nani alisema, ana cheo gani, kwa nani, mahali gani, kulikuwa kumetokea nini, na waliosikia walielewa nini? Wakaamua kwamba Akayesu alijua wito wake dhidi ya washirika wa Inkotanyi ungepokewa kama wito wa kuwaua Watutsi kwa jumla, na kwamba ndivyo ulivyopokewa.

Hiyo si “wewe unasoma hivi, mimi vile”. Usomaji mzuri unaweza kukaguliwa: onyesha maneno, onyesha mazingira, onyesha kilichofuata, nami nikupinge kwa maneno hayohayo. Asiyeweza kuonyesha, huyo ana maoni. Kesi ya vyombo vya habari iliyohukumiwa hapohapo Arusha Desemba 2003, iliyohusu redio ya RTLM na gazeti la Kangura, isome baada ya hii. Soma na hukumu ya rufaa ya 2007, maana walipunguza baadhi ya yale yaliyoamuliwa mwanzo, na utajifunza mahali ambapo maneno peke yake hayatoshi kumfunga mtu.

Mwalimu, habari za siku. Nina shauri la shamba. Tuliambiwa siku hizi mahakamani ni Kiswahili, nikafurahi. Nimekwenda mara kadhaa na kila nikitoka sijui kilichotokea. Je, ni mimi sijasoma?

Mama wa Usa River

Salama, mama yangu, pole kwa usumbufu. Si wewe. Ni kweli Bunge lilibadilisha sheria mwaka 2021, Kiswahili kikawa lugha ya mahakama, na mimi nililipokea jambo hilo kwa furaha kubwa. Lakini mahakama ina usemi wake ndani ya Kiswahili hichohicho, na wanaoingia kila siku hawakumbuki tena kwamba wengine hawaujui. Ukiambiwa shauri limekuja kwa kutajwa, maana yake siku hiyo ushahidi hausikilizwi. Wanaangalia limefikia wapi na kupanga tarehe. Ukiambiwa linakuja kwa kusikilizwa, hapo ndipo mashahidi wanahitajika.

Kwa hiyo kabla hujatoka, mwulize karani: leo kimefanyika nini, tarehe ijayo ni ya kutajwa au ya kusikilizwa, na nilete nini? Mwombe akuandikie. Tarehe ya kusikilizwa usiende bila mashahidi wako na karatasi zako halisi za shamba.