Simu za Mezani Zisizokula Umeme Ovyo: Mambo Ninayoyaangalia Kabla ya Kununua

Simu ya mezani ya siku hizi haizimwi. Jioni watu huzima kompyuta, taa na kiyoyozi, lakini simu inabaki imewaka usiku kucha, Jumamosi, Jumapili na sikukuu. Wiki ina saa 168. Ofisi inayofanya kazi kwa muda wa saa 9 kila siku, siku 5 kwa wiki, ina watu kwa saa 45 tu. Saa 123 zilizobaki simu inakula umeme na hakuna wa kuipokea. Hata ndani ya zile 45, muda ambao mtu anazungumza kweli ni mchache. Kwa hiyo katika miaka yote niliyofanya kazi ya kununua na kutunza simu za ofisi, swali langu la kwanza kwa muuzaji halihusu skrini wala idadi ya vitufe. Namuuliza: ikiwa imekaa kimya, inakula wati ngapi?

Mara nyingi jibu ninalopewa ni la swali jingine. Karatasi ya vipimo hutaja kiwango cha juu kabisa, yaani simu ikiwa na skrini iliyowaka kwa nguvu zote, spika imefunguliwa, na vifaa vya ziada vimechomekwa. Takwimu hiyo humsaidia fundi anayepanga nyaya, lakini haikuambii chochote kuhusu saa zile 123. Kama muuzaji hana takwimu ya simu ikiwa kimya, omba simu moja ya majaribio uipime mwenyewe.

Kupima si kazi ngumu. Simu inayotumia adapta unaipima kwa kifaa kidogo cha kupimia umeme kinachochomekwa kati ya adapta na soketi. Simu nyingi za ofisi, hata hivyo, hupata umeme kupitia waya uleule wa mtandao, kwa teknolojia inayoitwa PoE, na hapo swichi yenyewe, yaani kisanduku kinachounganisha nyaya za mtandao, itakuonyesha wati zinazokwenda kwenye kila poti, yaani kila tundu la waya. Chomeka simu uangalie namba ikipanda wakati inawaka, kisha iache mpaka taa ya skrini izimike yenyewe. Namba inayobaki pale ndiyo unayoitafuta. Nyanyua mkonga, usome tena. Fungua spika, usome tena. Nimewahi kuweka simu mbili za majaribio kwenye swichi moja, zote zikiwa na kazi zilezile na vitufe karibu idadi ileile. Moja ilitulia kwenye wati 2 na kidogo. Nyingine ilikaribia 5 bila kuguswa na mtu. Kwa macho huwezi kuzitofautisha.

Tofauti ya wati 3 inaonekana ndogo mpaka uipige hesabu. Mwaka una saa 8,760, kwa hiyo wati 3 zisizokatika ni uniti 26 na ushee kwa simu moja. Ofisi yenye simu 200 inapoteza zaidi ya uniti 5,200 kila mwaka kwa ajili ya kifaa kinachosubiri tu. Na kila wati inayoingia kwenye simu huishia kuwa joto ndani ya chumba, joto ambalo kiyoyozi kitalazimika kuliondoa kwa umeme mwingine.

Lakini kabla ya kulinganisha simu, hesabu kwanza watu wanaozihitaji. Hapa ndipo ninapookoa umeme mwingi kuliko mahali pengine popote, na ndipo viongozi wa ofisi hunipinga zaidi, kwa sababu simu mezani ilikuwa alama ya cheo. Mtu anayeshinda kwenye kompyuta anaweza kupiga na kupokea kwa programu ya simu iliyo ndani ya kompyuta hiyohiyo, akiwa na vipokea sauti vya masikioni. Kompyuta ingekuwa imewaka vyovyote vile. Sharti ni moja: kompyuta hiyo izimwe jioni. Mtu akiiacha imewaka usiku kucha ili asikose simu, atakuwa amekula umeme mwingi kuliko simu yoyote ya mezani ninayoijua. Wanaobaki na haki ya simu halisi ni mapokezi, walinzi, vyumba vya mikutano, sehemu za uzalishaji, na wale ambao kazi yao ni simu. Kwa hao, nunua iliyo nzuri.

Sasa turudi kwenye PoE, maana kuna gharama iliyojificha ambayo wanunuzi wengi huipita. Kiwango cha kwanza cha teknolojia hiyo, IEEE 802.3af cha mwaka 2003, kinagawa vifaa katika madaraja. Kwa kifaa cha daraja la 1 swichi hutenga wati 4, daraja la 2 wati 7, na daraja la 3 wati 15.4. Hiyo ni akiba inayotengwa, hata kama simu inatumia chini ya hapo. Chukua swichi ya poti 24. Simu za daraja la 2 zitahitaji akiba ya wati 168. Simu za daraja la 3 zitahitaji karibu 370. Kwa hiyo ukinunua simu za daraja la 3 unalazimika kununua swichi yenye usambazaji mkubwa wa umeme, mara nyingi yenye feni zinazozunguka saa zote, na UPS, yaani kifaa cha kushikilia umeme unapokatika, yenye betri kubwa zaidi ya kuibeba. Na usambazaji mkubwa unaofanya kazi ndogo huwa na upotevu mkubwa kwa kila wati unayoitoa. Simu nyingi hutaja daraja lake kwenye karatasi ya vipimo. Kama haimo, uliza. Zipo simu na swichi zinazoweza kuelewana zenyewe, simu ikasema kiasi inachohitaji hasa na swichi ikatenga hicho tu. Uwezo huo ni wa maana sana, lakini hakikisha uko pande zote mbili.

Kasi ya poti nayo ina uzito. Mazungumzo ya simu kwa G.711, mfumo wa kawaida wa kugeuza sauti kuwa data, ni kilobiti 64 kwa sekunde, na ukijumlisha vifungashio vyote vya mtandao hayafiki 100. Poti ya megabiti 100 inayabeba bila hata kuhisi uzito. Poti ya gigabiti hula umeme zaidi, na sababu pekee ya kuilipia ni kama kompyuta ya mfanyakazi inapata mtandao kupitia mgongoni mwa simu. Kama kompyuta ina waya wake au inatumia Wi-Fi, gigabiti kwenye simu haina kazi. Ikiwa unaihitaji, tafuta simu na swichi zenye IEEE 802.3az, kiwango cha mwaka 2010 kinachoruhusu poti kupumzika wakati hakuna data inayopita.

Kuhusu skrini nitasema machache. Skrini kubwa ya rangi inayoguswa ni nzuri kwa mapokezi, ambako mtu anahamisha simu mchana kutwa. Kwa wengine ni taa tu. Cha muhimu ni kuweza kupanga taa izimike baada ya muda mfupi, na mpangilio huo uweze kusukumwa kwa simu zote kutoka seva moja. Simu ambayo lazima uipangie mezani, moja baada ya nyingine, haitapangiwa kamwe; nimeliona hili mara nyingi.

Baada ya simu kuwekwa mezani, hatua yenye faida kubwa kuliko zote ni kuzima poti usiku. Swichi nyingi zinazosimamiwa, yaani zinazoweza kupangiwa kazi, zinaruhusu ratiba: jioni umeme wa poti unakatwa, alfajiri ya siku ya kazi unarudi, simu inawaka na kujisajili kwenye seva ya simu kabla watu hawajaingia. Kwa simu ya wati 5 hatua hii peke yake inaokoa zaidi ya thuluthi mbili za umeme wake wa wiki. Inahitaji uangalifu, tena mkubwa. Simu za walinzi, za lifti, za korido na yoyote ambayo mtu angeikimbilia kukiwa na moto au mgonjwa zisiguswe na ratiba hiyo. Kaa na mtu wa usalama, mpitie orodha ya poti moja moja, na zile za dharura ziwekewe alama kwenye swichi na kwenye waya wenyewe. Angalia pia kompyuta zilizochomekwa nyuma ya simu, kwa sababu umeme wa simu ukikatwa, mtandao wa kompyuta hiyo unakatika nao, na pengine ilikuwa inapokea masasisho yake usiku. Na usiwashe simu zote kwa dakika moja asubuhi. Zipangie kwa mafungu ili seva isielemewe na maombi ya kujisajili.

Umeme, hata hivyo, ni nusu ya habari. Nusu nyingine ni umri wa simu. Madini, plastiki na nishati vilivyotumika kuitengeneza haviwezi kurudishwa, kwa hiyo simu inayodumu miaka 10 ni bora kuliko mbili zinazodumu miaka mitano mitano. Kinachoniuma ni kwamba simu za mezani haziharibiki haraka. Mwili wake ni mgumu, haina betri ya kuchoka, haianguki kila siku kama simu ya mkononi. Nyingi ninazoziona zikitupwa ni nzima kabisa. Zimeuawa na programu.

Kuna njia mbili za kifo hicho. Ya kwanza ni mtengenezaji kuacha kutoa masasisho. Mwaka 2021 matoleo ya zamani ya TLS, itifaki (kanuni za mawasiliano) inayolinda data inayopita mtandaoni, yaani 1.0 na 1.1, yalitangazwa rasmi kuwa hayafai kutumika tena. Simu isiyoweza kupandishwa hadi 1.2 inakataliwa na seva nyingi, ingawa spika yake inalia vizuri na vitufe vyake vinabonyezeka. Kwa hiyo dai maandishi: masasisho ya usalama yatatolewa kwa miaka mingapi tangu siku ya kununua? Nataka simu ambayo tayari inatumia TLS 1.2 bila matatizo, na ikiwezekana 1.3. Njia ya pili ni kufungiwa. Baadhi ya kampuni za huduma hutoa simu kwa bei ndogo au bure, lakini programu yake inakubali mtandao wao tu. Siku utakapohama, simu zote zinageuka takataka. Chagua simu inayofuata SIP, itifaki ya wazi ya kupigia simu kupitia mtandao ambayo toleo lake linalotumika, RFC 3261, lilitolewa mwaka 2002, na uhakikishe kwa maandishi kwamba haikufungwa kwa mtoa huduma mmoja.

Ukishika simu ya majaribio, igeuze. Vuta waya uliojikunja unaounganisha mkonga: unachomoka pande zote mbili? Huo ndio unaokufa kwanza, na ukiwa wa kuchomeka ni kazi ya dakika moja kuubadilisha. Mkonga wenyewe unauzwa peke yake? Kisimamio je? Uliza bei ya vipuri vyote hivyo kabla ya kusaini. Muuzaji anayejibu kwamba mkonga ukivunjika unanunua simu nyingine amekwisha kukupa jibu la zabuni nzima.

Alama za mazingira zisome kwa makini, kwa sababu kila moja ina lake. Energy Star, mpango ulioanzishwa mwaka 1992 na shirika la serikali ya Marekani la kulinda mazingira, unahusu matumizi ya umeme. RoHS ni sheria ya Umoja wa Ulaya iliyoanza kutumika Julai 2006, na inazuia vitu kama risasi, zebaki na kadimiamu ndani ya vifaa. Ni sheria nzuri na naiheshimu, lakini haisemi neno kuhusu wati. Muuzaji akikuonyesha RoHS kama ushahidi kwamba simu haili umeme, mrudishe kwenye swali la kwanza.

Mwisho ni simu za zamani unazoziondoa. Kwa mujibu wa ripoti ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 2024, dunia ilizalisha tani milioni 62 za taka za kielektroniki mwaka 2022, na asilimia 22.3 tu ndiyo iliyothibitika kukusanywa na kurejelezwa ipasavyo. Kabla ya kupeleka simu kurejelezwa, tafuta kwanza ofisi nyingine, shule au taasisi inayoweza kuzitumia. Simu ya SIP isiyofungwa hupata mwenyewe haraka. Zirudishe zote kwenye hali ya kiwandani, maana ndani yake mna nywila za kujisajili, majina na orodha ya simu zilizopigwa. Zilizokufa kweli zichukuliwe na muuzaji wa mpya, na sharti hilo liwe kipengele cha mkataba, pamoja na orodha ya namba za siri za usajili zilizofutwa kwenye seva na hati inayoonyesha kiwanda kilichozipokea. Malipo ya mwisho ninayazuia mpaka hati hiyo ifike mezani.